Ujumbe wa Horombo

"Ticha, nimewaza sana. Naomba harusi isimame. Kosa si lako. Usinitafute kwanza, nipo mlimani."

Maneno 13. Yalitumwa Jumanne, tarehe 10 Septemba 2024, saa 2:47 usiku, kutoka vibanda vya Horombo, mita 3,720 juu ya usawa wa bahari. Yalimkuta mwalimu wa shule ya msingi amekaa sebuleni kwao Pasua, hapa Moshi, anasahihisha madaftari ya darasa la nne. Harusi ilikuwa Jumamosi, tarehe 12 Oktoba. Zilibaki siku 32.

Nayajua haya kwa sababu nilikuwa mweka hazina wa kamati ya harusi, upande wa mwanamume. Daftari ninalo mpaka leo. Wahusika wote wawili walinipa simu zao nisome, na wote wameyasoma haya kabla hujayasoma wewe; kila mmoja alinitaka nifute sentensi moja, nikafuta. Binti nitamwita Mwalimu. Mwenzake nitamwita Kijana, ingawa ana miaka 33 na anaongoza wageni Kilimanjaro tangu alipoacha kubeba mizigo.

Kila ninayemsimulia huishia hapo kwenye maneno 13. "Kumwacha mtu kwa meseji!" anaguna, anatikisa kichwa, kisa kimekwisha. Mimi nakubaliana naye nusu. Ujumbe ule ulikuwa wa woga, sawa. Lakini ulikuwa wazi: umesema harusi isimame, haukuzungukazunguka. Kilichomuumiza Mwalimu kuliko ujumbe ni siku zilizofuata, Jumatano mpaka Jumatatu, ambazo mapenzi yalikuwa yamekwisha na uchumba ukaendelea kama kawaida. Uchumba ule uliingia kwa mlango, na mbege na watu na maneno ya wazee. Kijana akautoa kwa dirisha la simu, na walioko ndani wakaendelea kupika.

Tuanze na tiki.

Safari ya siku sita kwa njia ya Marangu ina siku moja ya kukaa Horombo ili mwili uzoee hewa nyembamba. Wageni hutembezwa kidogo mchana, wanarudishwa, na jioni kiongozi hana la kufanya ila kunywa chai na kuwaza. Zamani mtandao kule ulikuwa wa kubahatisha, unasimama juu ya jiwe fulani ukishika simu kama mtu anayepiga mbizi kinyumenyume. Agosti 2022 intaneti ya kasi ikafikishwa Horombo kupitia TTCL. Sisemi intaneti ndiyo iliyovunja uchumba wa watu. Nasema tu kwamba zamani mashaka ya jioni moja huenda yangeshuka naye mpaka getini, siku tatu mfukoni, na siku tatu ni nyingi kwa mtu anayetafuta sababu ya kubadili mawazo.

Alituma, akazima simu palepale. Sababu aliyonipa ni chaji: baridi ya juu inaifyonza betri, na kesho yake alikuwa anapandisha wageni Kibo. Ni kweli, kila anayepanda anajua. Ni kweli pia kwamba simu iliyozimwa haiulizwi kitu.

Mwalimu akajibu, "Unatania?" Tiki moja. Akaandika tena. Tiki moja. Akapiga, akaambiwa na yule dada tunayemjua sote kwamba namba anayopiga haipatikani kwa sasa. Kufikia saa sita usiku alikuwa ameshaamini amepigwa bloku. Mdogo wake, yupo kidato cha sita, ndiye aliyemfanyia uchunguzi: "Dada, picha yake si unaiona? Angekubloku isingeonekana." Lakini watoto hawa hujui wanalolijua na wanalolibuni, na ukweli ni kwamba WhatsApp wenyewe wameuacha utata huo makusudi. Tiki moja inaweza kuwa simu imezimwa, bando limekwisha, au umefungiwa mlango, na aliyefunga analindwa asijulikane. Kwa mwanamke anayemkimbia mtu mbaya huo ni ulinzi mzuri. Kwa Mwalimu zilikuwa karibu saa 46 za kutojua kama anaongea na mtu au anaongea na ukuta.

Aliandika ujumbe 23. Nimeusoma wote uliobaki. Wa kwanza ni "Unatania?" Wa mwisho ni "Basi." Katikati kuna maombi, kuna matusi mawili ya Kichaga ambayo sikutarajia kwa mwalimu, kuna voisi ya dakika nne ambayo kwa sehemu kubwa ni mbwa wa jirani anabweka na mtu anapumua. Tisa alizifuta alfajiri ya Jumatano. Baadaye Kijana aliniambia kwamba alizosoma zote zilimuuma, ila zilizomtisha ni zile tisa zilizoandikwa tu kwamba ujumbe umefutwa. "Mama, nilikuwa naziwaza zile kuliko hizi."

Alizisoma Alhamisi jioni. Usiku wa kuamkia siku hiyo alikuwa amewafikisha wageni Uhuru, akashuka nao mpaka Horombo, akawasha simu. Zikamwagika zote kwa pamoja. Akasoma moja moja, huko Pasua tiki zikageuka bluu moja moja, na Mwalimu akazitazama zikigeuka. Halafu hakuna kitu. Kijana akala jiwe.

Hakula jiwe kwa kila mtu, hata hivyo. Baada ya dakika kama kumi aliweka statasi: yeye na wageni wawili mbele ya bango la kileleni, meno nje. Kwa wasioijua kazi ile, picha ya Uhuru ndiyo tangazo lake la biashara, mgeni wa mwezi ujao anapatikana kwa picha ya leo. Aliiweka kwa mazoea kama mwenye duka anavyofungua shata hata siku ya msiba. Ndivyo anavyoeleza, na mimi namwamini. Mwalimu hamwamini mpaka kesho.

Mwenyekiti wetu wa kamati, mtu wa furaha, akaichukua picha ile akaitupa grupuni. Grupu la harusi lilikuwa na watu 143. Akaandika: "Bwana harusi wetu kileleni, mita 5,895! Bado kilele cha tarehe 12 Oktoba!" Mnajua magrupu yetu. Ndani ya nusu saa hongera zilikuwa 41. Yangu ilikuwa ya saba: "Hongera mwanangu," na maua matatu.

Saa 4:10 usiku nikaona taarifa kwamba bibi harusi mtarajiwa ametoka kwenye grupu. Wengine hawakuona. Tangu 2022 mtu akitoka WhatsApp haitangazi kwa wote, tunaona maadmini tu. Nilikuwa nimeshavaa kanga ya kulalia. Nikadhani amebonyeza vibaya, maana hata mimi nimewahi kutoka grupu la vikoba nikiwa natafuta kalamu. Nikamrudisha.

Nimelirudia jambo hili kichwani mara nyingi. Mtu ametoka nyumba inayoungua, mimi nikamshika mkono nikamwingiza tena, na nikamwandikia pembeni, "Ulitoka bahati mbaya, nimekurudisha my." Alikaa dakika tatu, akatoka mara ya pili. Hapo ndipo mtu mwenye akili angepiga simu. Mimi nikalala. Nilijiambia ni mambo ya wachumba, wamegombana, kesho watapatana.

Ijumaa Kijana akashuka. Akarudi nyumbani kwao, akala mtori wa mama yake, akalala. Jumamosi akafua nguo za mlimani. Hakumwambia mtu. Mama yake, ambaye ndiye aliyeniomba nishike hazina, alikuwa anahesabu sahani.

Halafu ikafika Jumapili ya tarehe 15.

Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka taarifa ya kusudio la ndoa itolewe siku zisizopungua 21 kabla, na makanisa yetu hutangaza Jumapili tatu ili mwenye kujua kizuizi aseme. Tangazo la kwanza lilisomwa tarehe 8, siku ambayo Kijana alikuwa anaanza kupanda. La pili likawa siku hii. Nani angemwambia mchungaji? Hayumo kwenye grupu letu. Karatasi ilikuwa mezani kwake, akaisoma kama ilivyo: kwa mara ya pili tunatangaza kusudio la ndoa kati ya fulani na fulani. Mwalimu alikuwa benchi la sita, kushoto, kando ya mama yake. Kizuizi kilikuwa mkobani mwake, kwenye simu, kina siku tano. Mama akamfinya kiganja kwa furaha. Akina mama wa nyuma wakamgusa bega. Yeye akainuka, akapita kwenye magoti ya watu, akatoka. Wakadhani ni haya ya bibi harusi, wengine wakacheka kidogo.

Alimwambia mama yake ndani ya bajaji. Mama hakusema kitu mpaka nyumbani, kisha akauliza swali moja tu: "Mshenga anajua?"

Hilo ndilo swali ambalo sisi wote 143 hatukuliuliza, na hata sasa nikilikumbuka naona lilikuwa na akili kuliko mikutano yetu yote.

Mshenga hakujua. Mshenga ni mzee wa miaka 71, anaishi Old Moshi, anatumia kitochi. Grupu letu lilianzia kwa wenye simu janja. Tulimwingiza mshereheshaji, tukamwingiza mpambaji, tukamwingiza kijana wa keki ambaye hakuna aliyemfahamu. Mtu mmoja aliyekuwa na kazi ya kubeba maneno kati ya nyumba mbili tukamwacha nje kwa sababu ya aina ya simu yake. Wala hatukuliona kuwa ni jambo. Tulikuwa tunampigia tukimhitaji, na tangu mahari ipokelewe hatukuwa tumemhitaji.

Mchana huo mambo yakatoka mikononi. Mama mdogo wa Mwalimu alipata skrinishoti ya yale maneno 13 akaipandisha grupu la send-off, watu 96. Baada ya chini ya saa moja ilikuwa kwetu. Saa kumi ilikuwa kwa watu nisiowajua, nikaipokea kutoka kwa mteja wangu wa Boma Ng'ombe ameniandikia, "Dunia imeisha, soma hii." Akina shangazi wakanyamaza. Mwenyekiti akafunga grupu, maadmini pekee ndio waandike, kitu ambacho kilifanya kila mtu ahamie pembeni kuandikiana wawili wawili. Na pembeni huko ikatoka ile hadithi yetu moja, tuliyonayo Moshi na wenzetu wa Arusha wanayo, kwa kila kijana wa mlimani aliyebadilika: amepata mzungu. Kufikia jioni mzungu huyo alikuwa na nchi, na umri, na nyumba.

Mzungu hakuwepo. Namna Mwalimu alivyojua ndiyo sehemu ya kisa ninayoisimulia kwa shida.

Kijana hana kompyuta. Orodha za wageni wake alikuwa anachapisha kwa laptopu ya Mwalimu, na WhatsApp yake aliiunganisha humo tangu Juni, hakuitoa. Kifaa kilichounganishwa kinaendelea kupokea hata simu ya mwenyewe ikiwa mbali, mradi simu hiyo isipitishe zaidi ya siku 14 bila kutumika. Jumapili usiku Mwalimu akaifungua. Alikesha anasoma. Nilimwambia baadaye, kwa sauti ya utu uzima, kwamba Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inakataza kuingia kwenye mfumo wa mtu bila haki, na kwamba kusomasoma mazungumzo ya mwenzako ni jambo baya hata pasipo sheria. Akanijibu, "Mama, laptopu ni yangu." Sikuwa na la kuongeza. Bado naona alikosea. Pia najua kwamba bila kosa lile tungekuwa mpaka leo tunamtafuta mzungu.

Alitafuta mwanamke akakuta madeni. Kati ya Julai na Agosti Kijana alikopa shilingi 1,750,000 kwenye programu tatu za simu, zile tunazoziita kausha damu. Zilikwenda kumalizia mahari, suti, na ahadi yake mwenyewe kwenye kamati, maana bwana harusi asiyeahidi kitu anaonekana vipi? Mapema Septemba deni lilikuwa limefika 3,120,000 kwa ada na adhabu. Programu zile zinapowekwa huomba ruhusa ya kusoma majina yote ya simuni, na mtu mwenye shida hubonyeza kubali bila kusoma. Tarehe 9 alitumiwa picha: uso wake mwenyewe, juu yake neno TAPELI, na onyo kwamba isipolipwa kufikia Jumatano picha itakwenda kwa watu wake wote. Jumanne usiku akaandika maneno 13. Alitaka aachike kabla hajaaibika. Miezi miwili baadaye, Novemba, Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza majukwaa na programu 69 za mikopo zisizo na leseni. Kwa huyu wetu ilikuwa mvua baada ya mazishi.

Jambo lililonitoa jasho ni hili: ile picha ilitumwa kweli, Jumatano, na mimi niliipokea. Namba ngeni, uso wa mtoto wa jirani yangu, maneno ya vitisho. Nikadhani ni wale wale wa "ile hela tuma kwenye namba hii," nikafuta, sikumwambia mama yake nisimtie hofu. Nilipokuja kuulizauliza nikakuta wanakamati 12 waliipata. Kila mmoja alifuta. Mwingine kwa kudhani ni utapeli, mwingine kwa staha, mwingine, alikiri mwenyewe, kwa kusubiri aone nani atasema kwanza. Watu 12 walikuwa na kipande cha jibu, na wote siku iliyofuata waliandika hongera chini ya picha ya kileleni.

Mshenga alipata habari Jumatatu kwa muuza duka. Jumanne asubuhi akashuka mjini, koti la kijivu, fimbo, kitochi shingoni kwa kamba. Nilikuwepo sebuleni kwa mama Kijana alipoingia. Hakukaa.

"Shikamoo, Mzee," Kijana akasema.

Hakuitikia. "Mimi nilitumwa kwenda kuomba. Nikanywa pombe ya watu, nikasema maneno ya watu, nikacheka vichekesho vya watu. Jana naambiwa na muuza sukari hakuna harusi. Nataka kujua. Nani alinituma kwenda kusema hapana?"

Halafu akakaa, akaagiza simu zote ziwekwe mezani, zizimwe. Akauliza, "Kwa nini?" Kijana akasema ameona hawaendani. Mzee akanyamaza muda mrefu kiasi kwamba nilisikia friji. "Kwa nini?" Kijana akasema hajajipanga. Kimya tena. Mara ya tatu mama yake ndiye aliyeanza kulia, na Kijana akasema yote, programu, picha, tarehe, kama mtu anayetapika. Ilichukua nusu saa.

Hapo ndipo nilipoelewa kazi ya mshenga, mimi niliyeolewa kwa mshenga na kuozesha watoto wawili. Nilidhani ni heshima tu, mapambo ya kimila, mtu wa kunyweshwa mbege. Kumbe ni mtu anayekaa kitini mpaka ujibu. Ujumbe wa simu unamruhusu mtu aseme bila kuulizwa, ndiyo raha yake kwa anayeacha, na katika kisa hiki swali ndilo lililokuwa na thamani kuliko tangazo. Kama Kijana angelazimika kumwambia mzee yule kwanza, badala ya kutuma ujumbe kutoka Horombo, deni lingejulikana siku hiyo hiyo, maana lisingevuka "kwa nini" ya pili.

Wapo watakaosema basi uchumba ungepona. Nilimuuliza Mwalimu. Alifikiri, akasema hapana. "Mtu anayekopa kunioa halafu ananificha, ningemwacha mimi. Lakini ningemwacha nikijua namwachia nini." Na mwalimu mmoja mwenzake, mama wa makamo, alipomwambia ashukuru Mungu limejulikana mapema, alimjibu kwamba angeshukuru vizuri zaidi kama halingejulikana kwa watu wa Boma Ng'ombe.

Jumamosi ya tarehe 21 upande wetu ukaenda Pasua na jani la sale. Kwa Wachaga anayekuja na sale mkononi si rahisi kumfungia mlango, na mama Mwalimu aliufungua, ingawa alituacha tumesimama uani muda mrefu kidogo kuliko ilivyo lazima. Kijana akaomba radhi kwa mdomo wake, mbele ya wazee wa pande zote mbili. Mwalimu hakutoka chumbani. Mshenga akasema hajaitwa kutoka, aliyeitwa kusema amesema, inatosha. Kesho yake, Jumapili ya tatu, majina yao hayakusomwa.

Mama mdogo, yule wa skrinishoti, alitaka kesi. Nilimweleza nilichokijua. Kifungu cha 69 cha Sheria ya Ndoa kinamruhusu aliyevunjiwa ahadi ya ndoa kudai fidia, lakini isizidi hasara halisi ya gharama alizoingia kwa sababu ya ahadi ile. Machozi hayana risiti. Kifungu cha 71 kinahusu zawadi zilizotolewa kwa sharti kwamba ndoa ifungwe. Yale maneno 13 yangeweza kuwa ushahidi, tangu Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 ujumbe wa simu unapokelewa mahakamani. Hesabu ya Mwalimu ilikuwa 640,000: gauni la kutanguliza 250,000, ukumbi wa send-off 300,000, kadi 90,000. Upande wetu tukailipa wiki hiyo, na mahari hatukuidai. Kesi ikafia hapo, mama mdogo akanuna mpaka Krismasi.

Michango ilinitesa zaidi. Walikuwa wamelipa watu 87, jumla 6,385,000. Nilishatoa ukumbi 1,200,000, mshereheshaji 300,000, mapambo 400,000, kadi 210,000. Mkononi 4,275,000. Ukoo ukajichanga kufidia zile 2,110,000 zilizokwenda, na mwenye ukumbi, kwa kubembelezwa na mwenyekiti, akarudisha nusu ya zake, zikapunguza mzigo. Nikarudisha hela siku tano mfululizo, mtu mmoja mmoja, na kila muamala niliandika grupuni: fulani, 50,000, imerudi. Nilifanya hivyo makusudi. Grupu lile lilijengwa kwa orodha ya waliotoa, nikaona libomolewe kwa orodha hiyo hiyo, kutoka chini kwenda juu. Watu 11 wakakataa hela, wakasema apewe binti. Binti naye akakataa. Ikabidi niwarudishie kwa nguvu, na mmoja mpaka leo hanisalimii vizuri.

Ungedhani imekwisha. Oktoba ikapita, tarehe 12 yake Mwalimu akaenda kwa shangazi yake Arusha, Sakina, akazima data siku nzima. Lakini wakopeshaji waliendelea kumpigia yeye. Hakuelewa wamempataje kwa jina kamili, majina matatu, mpaka siku moja mwenzake wa kazini alipomwambia apige *106# aone laini zilizosajiliwa kwa kitambulisho chake. Akakuta tatu. Mbili zake. Ya tatu ilikuwa ya Kijana, ile namba yake ya kazi, ambayo wageni wanampigia, ambayo hela za safari zinaingia.

Wakakumbuka wote wawili. Januari 2020, tarehe 20 ikiwa ndiyo mwisho kabla laini zisizosajiliwa kwa alama za vidole hazijaanza kuzimwa, namba ya NIDA ya Kijana ilikuwa haijatoka. Foleni zile mnazikumbuka. Mwalimu akamsajilia kwa namba yake. Miaka karibu mitano kila mpagazi aliyemtumia Kijana hela aliona jina la Mwalimu kwenye simu, na wengine, nimeambiwa, walikuwa wanamtania kwamba ameshaoa.

Jambo hilo halimaliziki kwa ujumbe. Wahudumu walitaka mwenye laini na anayehamishiwa waje wote. Mwalimu aliniomba nimsindikize. Tulikwenda mwishoni mwa Novemba, duka moja la mtandao mjini kati, Kijana alikuwa ameshafika, amekalia benchi, kofia mkononi. Akasimama. Walikuwa hawajaonana tangu tarehe 7 Septemba. Wakasalimiana kwa mkono, kama watu waliotambulishwa. Tukakaa watatu, mimi katikati, dakika 40, tukitazama namba za foleni.

Mhudumu alikuwa binti mdogo, anatafuna bazoka. Alichukua vitambulisho, akavitazama, akawatazama.

"Mna uhusiano gani?"

Hakuna aliyejibu. Nikafungua mdomo, nikaufunga.

"Tulikuwa wachumba," Kijana akasema.

Binti akaandika kitu, akasogeza kile kifaa cha alama za vidole upande wa Mwalimu. "Dole gumba, dada." Mara ya kwanza hakikusoma. Mwalimu akalifuta dole kwenye sketi, akaliweka tena.